Ghorofani Ameingia

Jumatatu, 2 Juni

Kwa Dawati la Barua

Ndugu Karani,

Salamu. Mimi ni fundi cherehani, na mume wangu alikuwa fundi lifti. Alifariki kazini mwezi Oktoba mwaka jana, na cheti nimekiambatisha. Alikuwa mteja wenu wa gemu kwa miaka sita. Mchana kutwa anapanda na kushuka ndani ya majengo ya watu, na jioni akishaoga anakaa mbele ya televisheni na ile padi yake ya vitufe, kujenga mengine ndani ya gemu. Nilikuwa namwambia, wewe mwenzangu hata ukilala utaota matofali.

Naomba msitishe usajili wake. Nilianza kwa simu. Mashine ikaniambia nibonyeze moja, nikabonyeza. Nibonyeze nne, nikabonyeza. Ikaniuliza neno la siri la mwenye akaunti. Nikaijibu, mwenye siri kaondoka nayo. Ikaniambia haijanielewa, nijaribu tena. Siku ya tatu nikampata binadamu, ndiye aliyesema kwamba mwenye akaunti akifariki shughuli yote hufanywa kwa barua ya karatasi.

Mwisho wa mwezi huu nahamia kwa binti yangu. Nyumba naiacha. Sitaki kitu chake kibaki kinawaka nyuma yangu.

Wako,
Fundi wa nguo

*

Ijumaa, 6 Juni

Mama,

Pole sana kwa msiba. Barua yako imefika nami nimekabidhiwa kuishughulikia. Kabla hujasitisha, naomba uyajue mambo machache, kwa sababu watu wengi huyajua baada ya kusaini.

Kwanza, usajili haukatiki siku ya kuomba. Utaendelea hadi tarehe 30 Juni, siku ambayo kipindi chake kinaisha. Baada ya hapo magemu yote aliyoyachukua kwa njia ya usajili yatafungwa. Majina yake utaendelea kuyaona kwenye orodha, lakini ukiyabonyeza hayatafunguka. Hili huwaumiza watu, ndiyo maana nalisema mapema.

Pili, mji alioujenga umehifadhiwa kwetu, si kwenye mashine yenu ya nyumbani. Tutautunza siku tisini, kisha utafutwa. Ukishafutwa hakuna mtu awezaye kuurudisha, hata sisi. Jina alilotumia, Ghorofani, litaachiwa huru, na mtu mwingine anaweza kulichukua.

Tatu, marehemu alikuweka kwenye kundi la familia yake. Kundi hilo litavunjika, na wewe pia hutaweza kuingia tena.

Mwisho, kwa akaunti za marehemu tunaandaa orodha ya vitu vilivyohifadhiwa. Utatumiwa uisome na kuisaini, ili kesho usije ukasema kimefutwa kitu ambacho hukujua kuwa kipo. Fomu ya kuniruhusu kuiandaa nimeiweka humu. Tafadhali jaza pia jina na simu ya ndugu wa karibu.

Ukibadili mawazo wakati wowote kabla ya tarehe 30, neno lako moja linatosha.

Wako mtiifu,
Karani, Dawati la Barua

*

Jumatatu, 9 Juni

Ndugu Karani,

Umeniandikia vizuri kuliko daktari aliyenipa habari ya kifo. Fomu hiyo, nimesaini. Ndugu wa karibu nimemweka binti yangu.

Kwenye kundi la familia ni kweli nimo. Alinitengenezea kimtu changu, kanikalisha dirishani, akasema, "Wewe usifanye kitu, kaa tu, nikipita nikuone." Sijawahi kukigusa. Mashine yenyewe siku hizi naitumia kutazama mishono mipya.

Endelea na orodha yako. Mji wa marehemu na ufutwe kwa adabu.

Fundi wa nguo

*

Jumamosi, 14 Juni

Dada,

Usicheke kwanza. Nakuandikia kwa sababu mimi na simu unatujua, na kwa sababu nyumbani ukipokea simu Mama anasogeza kiti asikilize. Hili silitaki limfikie.

Nilikwambia wamenitoa kwenye simu baada ya yule mteja kuuliza mara tatu kama laini imekatika, kumbe ni mimi nimekwama kwenye neno "karibu". Sasa niko Dawati la Barua. Akaunti za waliofariki zote zinapita kwangu. Kazi yenyewe ni hii: nafungua akaunti ya marehemu kwa ufunguo wa ofisi, naingia ndani ya gemu lake, natembea nikiandika kila kilichomo. Naingia kama yeye. Nasimama pale alipoachia.

Juzi na jana nilikuwa ndani ya mji wa fundi lifti mmoja. Dada, sijaona kitu kama kile. Wengine hujenga makasri. Yeye kajenga jengo moja tu la ghorofa tisa, na lifti ameiunda mwenyewe kwa magurudumu ya kamba na vizito, inapanda kweli. Ghorofa ya kwanza ni chumba cha kushonea: cherehani tatu, meza ya kukatia, utepe wa kupimia umening'inizwa kwenye msumari. Ya nne ni jiko lenye viti viwili. Kila ukifika ghorofa, kengele inalia kidogo. Orodha ilikuwa ya nusu saa. Nilikaa saa nzima, napanda nashuka kama mtoto.

Sasa hapa ndipo usicheke. Chumba cha kushonea kina dirisha, na dirishani amekaa kimtu cha mwanamke. Siku ya kwanza nilikiandika kwenye orodha kama pambo, baina ya pazia na pasi, maana mjane alishaniandikia kwamba ni chake na hajawahi kukigusa. Jana saa nne na robo nilikuwa nimesimama mlangoni mwa lifti, nikageuka, nikakuta kimenigeuzia uso.

Nilitoka mbio. Yaani nilifunga gemu, nikaenda nikanywa maji, nikajimwagia shatini. Mkuu wa dawati akaniuliza kama naumwa. Nikasema ndiyo.

Ni mimi tu, sivyo? Ghorofa ya nane na ya tisa sijaziandika bado. Niambie ni mimi tu.

Mdogo wako

*

Jumatatu, 16 Juni

Ndugu Karani,

Simamisha. Chochote ulichoanza, simamisha leo hii.

Sijui nikuelezeje bila kuonekana nimechanganyikiwa. Alhamisi asubuhi nilikuwa natazama mshono wa kola kwenye televisheni. Chini ya kioo yakapita maandishi, na ile milio mitatu niliyokuwa naichukia: Ghorofani ameingia. Nilidhani ni hitilafu. Nikazima nikakaa kitandani.

Ijumaa, saa zile zile, tena. Safari hii nilichukua padi. Binti yangu alinifundisha zamani kitufe cha kuingilia. Nikajikuta nimekaa dirishani ndani ya chumba kama hiki changu, na mlangoni mwa lifti kasimama yeye na ovaroli yake ya buluu, amenipa mgongo. Lifti ilikuwa inafanya kazi. Sikujua kugeuza shingo, nikabahatisha vitufe hadi nikamwelekea. Naye akageuka.

Tulitazamana. Sijui ni muda gani, pasi iliunguza sare ya mtu. Halafu akanyanyua mkono akanipungia, akatoweka.

Miezi minane sijamwota hata mara moja. Wenzangu waliofiwa husema wanaota, mimi hata kivuli. Sasa kaja kwa njia yake.

Neno moja linatosha, ulisema. Neno lenyewe ni hapana.

Mke wa fundi lifti

*

Jumatano, 18 Juni

Dada,

Ni mimi. Yule anayemtokea mjane ni mimi.

Nimesoma barua yake mara sita. Kile kimtu cha dirishani alikuwa anakiendesha yeye mwenyewe. Alipokigeuza nilimkimbia nikidhani yeye ndiye mzimu, naye amebaki huko anaamini mzimu ni mumewe. Na kupunga mkono, dada, sikupunga mimi. Gemu lile mtu akitoka, kimtu chake kinapunga mkono chenyewe. Kimetengenezwa hivyo. Ukifunga tu, kinaaga.

Kuna kitufe cha kujificha. Mkaguzi anatakiwa akibonyeze kabla hajaingia, asionekane na mtu. Niliambiwa siku ya kwanza ya mafunzo, nikaandika kwenye daftari, nikapigia mstari. Halafu nikasahau. Mwezi uliopita mwenzetu mmoja alionekana ndani ya akaunti ya mteja, na siku hiyo hiyo alikabidhi kitambulisho getini.

Nimwandikie nini? Nikisema kweli, nimemuua mumewe mara ya pili, na kazi sina. Wewe unakaa na wafiwa wodini kila siku. Nifanyeje?

Mdogo wako

*

Alhamisi, 19 Juni

Mama,

Barua yako imepokelewa. Ombi la kusitisha limesimamishwa kwa muda kama ulivyotaka.

Naomba hata hivyo nikukumbushe kwamba mifumo ya namna hii wakati mwingine huonyesha taarifa ambazo haziendani na hali halisi. Si vizuri kuzitegemea sana. Kama tayari ulikuwa umepanga kuhamia kwa binti yako, nadhani ungeendelea na mpango huo.

Orodha nitaikamilisha hivi karibuni kwa ajili ya kumbukumbu za ofisi.

Wako mtiifu,
Karani, Dawati la Barua

*

Jumamosi, 21 Juni

Mwoga wangu,

Nimekucheka, nisamehe. Kwenye zamu nimejifungia chumba cha dawa nikacheka mpaka muuguzi mkuu akagonga. Karani mzima na cheti chake anakimbizwa na mama wa watu aliyekaa dirishani! Halafu nikasoma tena, nikaacha kucheka.

Nikwambie ninavyoona mimi. Wodini nimewaona wanaosikia viatu vya marehemu koridoni. Hatuwabishii. Tunawashika mkono, tunawaletea chai, na baada ya wiki kadhaa viatu vinaacha kutembea vyenyewe. Kwa hiyo nyamaza. Usiingie tena humo. Asipomwona tena, atasema alikuja kuaga, atahama, ataishi. Wewe utabaki na kazi yako, na Mama hatasogeza kiti.

Ila usidanganye kwa maandishi. Kunyamaza ni kunyamaza, lakini ukianza kumpambia maneno, hapo utakuwa umefanya jingine.

Kula vizuri. Najua huli.

Dada yako

*

Jumamosi, 21 Juni

Mwanangu Karani,

Nakuita mwanangu kwa sababu huna unalolipata kwa kunijali, na bado umenijali. Lakini mifumo yako hiyo unayoisema haiwezi kunijua. Jana alikuja tena.

Sasa nitakwambia jambo ambalo hata binti yangu halijui, kwa sababu wewe u mbali na hujanijua uso.

Mume wangu alikuwa na mkanda wa usalama, ule wa kujifunga wanapoingia ndani ya shimo la lifti. Siku mbili kabla, aliuleta nyumbani, akaniwekea juu ya cherehani. Akasema, "Mama, uzi hapa bega la kushoto umeanza kuachia, nipitishie mshono wako ule wa nguvu." Nilikuwa na sare arobaini za shule. Nikamwambia, "Kesho." Kesho yake nikamwambia, "Baba, si unaona nilivyobanwa?" Akauchukua akatabasamu, akasema wa kazini utamtosha. Asubuhi ile aliondoka nao begani. Walivyomrudisha hawakunirudishia mkanda, na mimi sikuuliza. Walisema lifti ilishuka bila kutarajiwa. Hawakusema kitu cha mkanda.

Jana nilikuwa nimejifunza kuandika kwenye kile kisanduku cha maneno cha ndani ya gemu. Nilikuwa nimevaa gauni langu la kijani analolipenda. Alipofika ghorofa yangu nikamwandikia, herufi moja moja: Ulikuwa umevaa ule mkanda? Ni mimi niliyekuua? Kama umenisamehe nionyeshe.

Akasimama. Halafu akanipungia mkono, akaenda.

Nililala jana, mwanangu. Nililala mpaka jua likanikuta.

Binti yangu nimemwambia sihami. Amelia, amesema nimerogwa na televisheni. Wateja wa sare nao wamekuja kuchukua vitambaa vyao kabla havijashonwa, sawa tu. Nimebakiwa na swali moja la mwisho. Nitamuuliza Alhamisi, asubuhi zile zile anazokuja. Akija nitajua anataka kunijibu. Asipokuja nitajua amechoka kupanda ngazi za kuja huku, na anangoja nishuke mimi.

Mke wa fundi lifti

*

Ijumaa, 27 Juni

Dada,

Barua yako ilinifikia Jumatatu. Ya kwake pia. Ulisema nisiingie tena, lakini nilikuwa nimeshaingia Ijumaa, kumalizia ghorofa mbili. Kitufe cha kujificha nilikibonyeza, naapa, nilikibonyeza mara mbili. Kumbe kinaficha kwa wageni tu. Walio kwenye kundi la familia wanaendelea kukuona. Hilo hawakutufundisha, au walitufundisha nikiwa nahangaika na kalamu.

Kwa hiyo lile swali la mkanda aliniuliza mimi. Nilikuwa nimezimaliza ghorofa hizo, nimeshuka, nimesimama mbele yake na daftari la orodha mkononi. Maneno yakawa yanatokea moja moja, polepole, mtu anayeandika kwa kidole kimoja. Niliyasoma yote. Nilishtuka nikafunga, na gemu likamsamehe kwa niaba yangu.

Jumanne nilimwandikia barua ya kweli. Kurasa mbili. Nikaiweka kwenye droo. Jumatano nikaitoa, nikasahihisha koma, nikairudisha. Ndivyo nilivyo, usiniambie, najua.

Yale maneno yake ya mwisho, kwamba mumewe asipokuja basi "anangoja nishuke mimi", yalinikosesha usingizi. Alhamisi saa nne kasoro dakika tano niliketi nikijiambia siingii. Saa nne kamili niliingia.

Alikuwa dirishani. Nikasimama mlangoni mwa lifti, mkono mbali na vitufe vyote. Maneno yakaanza. N. I. K. U. Nilidhani anataka kusema nikusalimie. Yakaendelea mpaka yakatimia: Nikufuate?

Dada, sikuweza kutoka. Unanielewa? Nikitoka, kimtu kinapunga mkono. Kinapunga kila mara, hakijui kingine. Ijumaa mkono ule ulimaanisha nimekusamehe. Nikifunga tu, mkono unasema njoo. Hata nikizima umeme, kwake nitaonekana nimetoka, nao utapunga. Nilikaa pale nimeshika kingo za meza. Mwenzangu wa dawati la pili alinisemesha, "Karani, chai inapoa," nikatikisa kichwa. Dakika kumi na mbili, niliziona kwenye saa ya ukutani. Yeye dirishani hatikisiki, anangoja mumewe aamue.

Mwisho nikaandika kwenye kisanduku: Mimi si mume wako. Mimi ni karani wa barua. Nilikuwa naandaa orodha. Usiende popote.

 Kimtu chake kikabaki kinanitazama. Sikujua kama ni yeye ananitazama au kimebaki tu hivyo, padi imeanguka chini.

Nikachukua fomu, nikatafuta namba ya binti yake, nikanyanyua simu ya mezani. Mbele ya watu wote. Alipoitika nilikwama. Nilikwama vibaya kuliko siku zote, nikasikia anasema, "Haloo? Haloo? Nitakata." Nikapiga meza kwa kiganja ndipo neno likatoka, "Ma-ma-mama yako, nenda nyumbani sasa hivi." Akauliza mimi nani. Nikamwambia baadaye, nenda. Ofisi nzima ilikuwa imesimama.

Sikufunga gemu. Mkuu wa dawati alikuja nyuma yangu akasoma kioo, akasoma tena, akavuta kiti akakaa kando yangu. Tulikaa hivyo. Hata choo sikwenda. Saa sita na nusu kile kimtu cha dirishani kilisimama. Miezi yote hiyo kimekaa, kikasimama, kikageuka upande wangu. Kikanyanyua mkono kikapunga, kikatoweka. Sekunde zile kabla simu haijalia sitazisahau mpaka nizikwe. Alikuwa binti. Alisema, "Nimefika. Nimemkuta amekaa sakafuni. Nimezima mimi hiyo mashine. Wewe ni nani hasa?"

Nikamwambia. Nikamwambia yote, kwa kigugumizi changu chote, naye hakukata.

Ile barua ya droo nimeipeleka posta mwenyewe pamoja na orodha, na nyuma ya barua nimeongeza siku na saa za kila nilivyoingia. Kitambulisho nimekabidhi kwa mkuu, kasema nisubiri nyumbani mpaka waniite. Hakunifokea. Afadhali angefoka.

Nikifumba macho naona mkono tu. Nataka nije kwako siku mbili. Mama mwambie nina likizo.

Mdogo wako

*

Jumapili, 29 Juni

Karani,

Barua yako imeletwa jana jioni. Binti yangu alitaka kuichana, nikamnyang'anya.

Nimekaa na kurasa zako tangu asubuhi. Umeniandikia Alhamisi tarehe kumi na mbili, saa nne hadi saa nne na dakika hamsini. Ijumaa kumi na tatu, saa nne hadi saa nne na robo. Ijumaa ishirini, saa nne na dakika tano. Alhamisi ishirini na sita. Na mimi mwenyewe nilikuwa nimeziandika ukutani kwa chaki ya kukatia nguo, kila alipokuja. Nimelinganisha. Ni zile zile, siku kwa siku, dakika kwa dakika. Nilikuwa naomba ukutani izidi hata siku moja. Haikuzidi.

Kwa hiyo nilikuvalia wewe gauni. Nilikaa dirishani nimechana nywele kwa ajili ya mtoto wa watu anayeandika pasi na pazia. Nina hasira, siwezi kukuficha. Uliniandikia "tunaandaa orodha", nikadhani mnasoma kwenye makaratasi. Ungeniambia kwamba mtu wenu ataingia ndani kwa sura yake, nisingesaini, au ningezima televisheni mwezi mzima. Hilo ndilo ungenieleza kwanza, kabla ya siku tisini na majina kuachiwa. Waandikie wengine hivyo, kama wamekubakisha kazini. Nimemwandikia mkuu wako kwamba uliniokoa na kwamba uliniumiza, yote mawili, achague mwenyewe.

Lile swali la Alhamisi sikuwa natania. Nakwambia ili ujue dakika zako kumi na mbili hukuzikaa bure. Ungepunga, leo binti yangu angekuwa anatafuta cheti cha pili. Analala hapa, kwenye meza ya kukatia, ametandika godoro juu ya vitambaa vya watu. Usiku ananishika kifundo cha mguu akidhani sijui.

Msamaha ulionipa haukuwa wako kuutoa, kwa hiyo nimeurudisha. Ndilo gumu kuliko yote. Siku sita nilizolala usingizi zimeisha, na uzi wa bega la kushoto umerudi pale pale.

Orodha yako nimeisoma na kusaini kila ukurasa. Ghorofa ya tisa umeandika "tupu, haijakamilika". Sawa. Usajili ukatike kesho, na mji mwufute hata kabla ya siku tisini kama sheria yenu inaruhusu. Kundi la familia pia. Kimtu changu msikiache dirishani peke yake.

Yuko fundi mwenzake, aliyekuwa naye shimoni siku ile. Anakaa nyuma ya soko la vyuma. Tangu Oktoba nikimwona barabarani navuka upande wa pili, maana yeye anajua kama mkanda ulikuwa begani mwake au ulikuwa umetundikwa kwenye msumari, na ana mdomo wa kunijibu. Nilikuwa namwuliza aliyekufa kwa sababu nilijua hatasema.

Kesho asubuhi naenda. Binti yangu atasubiri nje, nimemwambia asiingie. Nitamwuliza fundi yule nikimtazama usoni, na lolote atakalolisema nitakaa hapo hapo kitini nilisikilize mpaka mwisho.

Fundi wa nguo